Nguo ya gome si nguo ya umaskini: jibu kutoka visiwa vya Tonga

Wiki mbili zilizopita, kwenye kipindi cha asubuhi, tulizungumzia lubugo, ile nguo ya gome la mti ya Waganda, ambayo huku kwetu Kagera nayo ilivaliwa sana kabla ya pamba kuenea. Simu zilipigwa nyingi na ujumbe ukawa mwingi. Kuna mmoja ulionifanya nikae chini niandike makala hii. Msikilizaji aliuliza: hayo magome si yalivaliwa na watu wasiojua kufuma? Kwa nini mnatukumbusha umaskini?

Sikumlaumu. Hata mimi shuleni nilifundishwa hivyo hivyo. Watu wa kale waliishi mapangoni, wakala matunda na mizizi, wakavaa ngozi na magome ya miti, halafu nguo zikaja. Bibi yangu alikuwa na kipande kimoja cha gome chini ya sanduku lake la bati, rangi ya udongo mwekundu, kikinuka moshi. Sisi wajukuu tulikuwa tukikitoa tunajifunika nacho na kucheka. Yeye hakucheka. Alikuwa akikikunja tena taratibu na kukirudisha, bila kusema neno.

Hewani sikupata muda wa kujibu vizuri, maana taarifa ya habari ilikuwa imefika. Jibu lenyewe ni refu na linatupeleka mbali, kwenye Bahari ya Pasifiki. Huko kuna watu ambao nguo ya gome kwao bado ni mali kuliko mali, leo hii, wakiwa na simu mikononi kama wewe unayesoma hapa.

Visiwa vyenyewe

Chukua ramani ya dunia, tafuta Australia, kisha sogea mashariki kwenye maji matupu. Hapo kuna vitone vidogo vilivyotawanyika: Tonga, Samoa, Tahiti, na mbali kaskazini kabisa Hawaii. Eneo hilo lote huitwa Polinesia. Tonga ninayoizungumzia si ile ya Watonga wa Zambia. Majina yamefanana tu. Hii ni nchi ya kifalme yenye visiwa zaidi ya 150 na watu takribani laki moja, idadi ambayo wilaya moja ya kwetu inaizidi.

Wazee wa watu hawa walitoka upande wa Asia, wakasafiri kwa mitumbwi yenye mbao za pembeni za kuizuia isipinduke. Ukiona ngalawa ya wavuvi wa Zanzibar au Bagamoyo umeona ndugu wa mtumbwi huo. Na jamaa zao wa lugha wako karibu nasi kuliko unavyodhani: Kimalagasi kinachozungumzwa Madagaska ni cha ukoo mmoja na Kitonga na Kihawaii.

Kwenye mitumbwi hiyo walipakia vitu vya kuanzia maisha. Nguruwe, kuku, majimbi, ndizi. Na miche ya mti wa nguo.

Mti unaosafiri na watu

Mti huo kwa sayansi unaitwa Broussonetia papyrifera. Watonga huuita hiapo, Wahawaii huuita wauke. Ni wa ukoo mmoja na miti unayoijua vizuri: mforosadi, mkuyu, mfenesi, na mshelisheli wa watu wa pwani. Ukiikata miti ya ukoo huu hutoa utomvu mweupe kama maziwa, na gome lake la ndani lina nyuzi ndefu zilizoshikamana. Mutuba wa Uganda nao ni wa ukoo huo huo, ndugu wa mkuyu. Kwa hiyo watu wa Pasifiki na watu wa Ziwa Viktoria, ambao hawakuwahi kukutana, walichagua miti ya ukoo mmoja. Hawakubahatisha. Walijaribu miti, wakajua upi unafaa.

Sasa sikiliza jambo hili, kwa maana ndilo lililonishangaza zaidi. Mti wa hiapo una dume na jike, kama mpapai. Kule visiwani karibu miti yote ni majike, isipokuwa Hawaii ambako mingine ililetwa baadaye. Jike bila dume halizai mbegu. Maana yake hakuna ndege aliyeupeleka mti huo Tonga wala upepo uliouvusha bahari. Kila mti uliopo ulitokana na chipukizi lililong'olewa na mkono wa mtu, likafungwa lisikauke, likavushwa maji na kupandwa. Mwaka 2015 watafiti wa Taiwan na Chile walichapisha uchunguzi wa vinasaba vya miti hiyo, wakaonyesha kwamba chimbuko lake ni kusini mwa Taiwan. Kutoka Taiwan hadi visiwa vya mwisho vya Pasifiki ni maelfu ya kilomita, na njia yote hiyo mti umebebwa na watu waliokuwa na hakika kwamba huko waendako watahitaji nguo.

Mtu asiyejua nguo hafanyi hivyo.

Kuna kituko kidogo hapa. Mti huo huo uliletwa pia Uganda, na umevamia misitu ya Mabira na Budongo hadi watu wa misitu wanauhesabu kuwa magugu. Huko uko pamoja, dume na jike, unazaa, na ndege na wanyama wanatawanya mbegu. Kule Tonga mama akiacha kuupanda unapotea. Hapa hakuna anayeupanda, na hautaki kuondoka.

Kazi ya akina mama

Kule Tonga nguo iliyokamilika inaitwa ngatu. Dunia nzima wanaiita tapa, neno ambalo mabaharia wa kigeni waliliokota visiwani na kulisambaza, lakini ukifika Samoa utasikia siapo, Fiji masi, Hawaii kapa.

Mti hukatwa ukiwa mdogo, wa mwaka mmoja hadi miwili hivi, shina lake likiwa jembamba na limenyooka. Wakati unakua, mkulima hupita akivunja vichipukizi vya pembeni, kwa sababu kila tawi huacha tundu kwenye gome, na tundu kwenye gome ni tundu kwenye nguo. Gome huchunwa zima zima kutoka chini hadi juu. La nje, lenye rangi ya kahawia, hutupwa. La ndani, jeupe, hukaushwa, na siku ya kazi huloweshwa.

Halafu huanza kupondwa. Mama hukaa chini mbele ya gogo lililosawazishwa juu, liitwalo tutua, akiwa na nyundo ya mti mgumu yenye pande nne, iitwayo ike. Upande wenye mifereji hutumika kwanza ili kuzitawanya nyuzi, kisha upande laini wa kumalizia. Utepe uliokuwa na upana wa kiganja unatanuka mara kadhaa, unakuwa mwembamba na mwororo. Hakuna uzi uliosokotwa, hakuna kilichofumwa. Nyuzi zinashikana zenyewe kwa kupigwa, kama karatasi. Mlio wa gogo husikika kijiji kizima, na akina mama wakikaa wawili watatu kwenye gogo moja hupiga kwa zamu, mdundo mmoja, kama watwangaji wawili kwenye kinu.

Vipande hivyo vyeupe bado si ngatu. Kuviunganisha ni kazi ya kikundi, na kikundi hicho, kautaha, kinafanana sana na vikundi vyetu vya kulimiana: leo ya kwako, kesho ya kwangu. Akina mama huketi pande mbili za benchi refu lililobinuka juu kama mgongo. Juu ya benchi hufungwa vibao vya michoro, viitwavyo kupesi, ambavyo kwa asili hushonwa kwa majani makavu na vijiti vya makuti ya mnazi. Wanatandika vipande, tabaka la kwanza na la pili juu yake, wakivigandisha kwa gundi ya wanga wa mizizi, siku hizi hata muhogo. Kisha wanasugua kwa kitambaa kilichochovywa kwenye rangi ya gome la mti wa koka. Mchoro wa chini unajitokeza juu, kama mtoto anavyosugua penseli kwenye karatasi iliyolazwa juu ya sarafu. Wanasogeza, wanaunganisha tena, wanasugua tena. Mistari ya michoro baadaye hukolezwa kwa mkono, kwa rangi nyeusi ya masizi ya mbegu zenye mafuta.

Nguo hupimwa kwa kizio kiitwacho langanga, kama nusu mita hivi, na kila kizio huandikwa namba pembeni: 1, 2, 3, na kuendelea. Ukiiona ngatu unaweza kuisoma urefu wake bila futi kamba. Ile kubwa ya heshima iitwayo launima ina vizio 50, zaidi ya mita 20. Mtu mmoja hawezi kuitengeneza, wala watano hawaiwezi.

Na michoro yake si maua tu. Kuna miti ya misonobari iliyopandwa kwenye barabara ya ikulu, kuna nembo ya ufalme. Wakati wa Vita Kuu ya Pili Watonga walichanga pesa kuisaidia Uingereza kununua ndege za kivita aina ya Spitfire, na akina mama wakazichora ndege hizo kwenye ngatu. Gome la mti, na ndege ya vita juu yake. Nikirudi kwa msikilizaji wetu: hiyo ni nguo ya mapangoni kweli?

Mali, si mavazi tu

Kwa Watonga vitu vyenye thamani vinavyotengenezwa na wanawake, yaani ngatu na mikeka laini, huitwa koloa. Maana ya neno hilo ni mali. Mume analima viazi vikuu na kufuga nguruwe, lakini hivyo vinaliwa na kuisha. Koloa inabaki. Mtoto akizaliwa, ngatu. Harusi, ngatu. Msiba, ngatu hutandikwa, jeneza huwekwa juu yake, na wafiwa na wageni hupeana. Familia isiyo na ngatu siku ya msiba inaona aibu, kama kwetu familia ambayo wageni wamefika na hakuna sufuria jikoni. Ikibanwa na shida, ada ya shule kwa mfano, familia inaweza hata kuiweka ngatu rehani ikapata fedha.

Siku hizi hawaivai kila siku. Wanavaa suruali, magauni na fulana kama sisi. Nguo ya gome ina udhaifu wake na si vizuri kuuficha: ikilowa inalegea na kuchanika, na haifuliki. Mtu anayelima kwenye mvua, akipewa pamba, atachukua pamba. Hata mimi ningeichukua.

Mwaka 1953 Malkia Elizabeth wa Uingereza alitembelea Tonga, na kwa ziara hiyo ikatengenezwa ngatu launima. Mwenyeji wake alikuwa Malkia Salote. Miaka 12 baadaye Salote alifariki akiwa matibabuni Nyuzilandi. Mwili wake uliporudishwa kwa ndege, ngatu ile ile ilitandikwa chini ya jeneza. Leo iko kwenye makumbusho ya taifa ya Nyuzilandi, Te Papa, mjini Wellington.

Waliopoteza

Si wote walioshika. Wamaori wa Nyuzilandi walifika na miche yao, lakini nchi ile ni ya baridi na mti ulisumbuka. Kapteni James Cook alipopita mwaka 1769 aliona michache tu. Wamaori walihamia kwenye mmea mwingine wenye nyuzi, harakeke, unaofanana na katani, wakawa mafundi wakubwa wa kuufuma.

Hawaii habari yake ni ya uchungu zaidi, kwa sababu kapa ya Hawaii ilikuwa bora kuliko zote. Walilovya gome hadi likalainika kabisa, na nyundo zao zilichongwa michoro midogo midogo, hivi kwamba ukiinua nguo kwenye mwanga unaona alama ndani yake, kama unavyoona alama ya siri ndani ya noti ya fedha. Kisha wakaja wafanyabiashara na pamba, na kuanzia mwaka 1820 wamisionari kutoka Boston, Marekani. Kabla karne ile haijaisha, kapa ilikuwa karibu imekufa.

Hapa nakuomba uvute kumbukumbu ya neno moja la Kiswahili: merikani. Wazee wanalijua. Ni ile pamba nyeupe isiyotiwa rangi iliyopewa jina la nchi ilikotoka. Katika karne hiyo hiyo ya 19 wafanyabiashara wa Salem, mji ulio jirani na Boston, waliishusha Zanzibar, na misafara ikaifikisha hadi kwenye maziwa makuu, ikafika Buganda na huku kwetu. Pwani moja ya Marekani ilizigusa nguo za gome za pande mbili za dunia, karibu kwa wakati mmoja. Bibi yangu hakujua kwamba kulikuwa na bibi mwingine Hawaii mwenye kipande kama chake chini ya sanduku.

Huko Hawaii ujuzi ulirudi miaka ya 1970, lakini kwa taabu kubwa. Mafundi walikuwa wamekufa bila kufundisha. Wanawake wachache, mmoja wao akiwa Puanani Van Dorpe, ilibidi waende makumbusho kuchunguza vipande vya zamani, wajaribu, wakosee, warudie. Wakati hoteli ilipotaka kujengwa Honokahua, kisiwa cha Maui, mifupa ya mamia ya wazee wa kale ilifukuliwa. Baada ya wananchi kupinga, iliamuliwa mifupa irudishwe ardhini. Van Dorpe na wenzake ndio waliotengeneza kapa za kuifunga kabla ya kuzikwa tena.

Ninapolisoma hilo huwa nafikiria lubugo. Buganda nayo huzika kwa nguo ya gome, na makaburi ya wafalme pale Kasubi yanaihitaji.

Dunia nzima inapiga gome

Tusidhani ni Pasifiki na Uganda tu. Wambuti wa msitu wa Ituri, Kongo, hupiga gome pia: wanaume wanaponda, wanawake wanachora. Mexico wanatengeneza amate, karatasi ya gome ambayo wenyeji waliandikia vitabu kabla Wahispania hawajafika. Na karatasi yenyewe, hii ya daftari la mwanao, historia ya China humtaja Cai Lun, ofisa wa mwaka 105, aliyeitengeneza kwa gome la mti, matambara na nyavu kuukuu. Japani mpaka leo karatasi yao ya heshima hutoka kwenye mti ulio ndugu wa hiapo.

Wazungu nao walivutiwa. Mwaka 1787 Alexander Shaw wa London alikatakata vitambaa vilivyoletwa na safari tatu za Cook, akavibandika kwenye vitabu, vipande halisi, ili wateja wake wavishike kwa vidole. Vitabu hivyo bado vipo kwenye maktaba kubwa kubwa.

Tofauti ya Tonga na Uganda iko kwenye mti na kwenye mikono. Mutuba haukatwi. Gome huchunwa msimu wa mvua, shina likafungwa majani ya mgomba kama kidonda, na gome jipya likaota; mti mmoja huchunwa miaka mingi sana. Kazi ni ya wanaume, na kwa Waganda ni ya ukoo wa Ngonge, chini ya fundi mkuu aitwaye kaboggoza. Mwaka 2005 UNESCO iliutangaza ufundi huo kuwa moja ya hazina za urithi wa binadamu, na mwaka 2008 ukaingia rasmi kwenye orodha yake ya urithi.

Tonga hawakuachwa bila mtihani. Watonga wengi sasa wanaishi Nyuzilandi, Australia na Marekani, ambako hiapo ni shida kuupata. Akina mama wa huko wamebuni ngatu pepa, inayotumia kitambaa cha kiwandani badala ya baadhi ya matabaka ya gome. Wapo wanaosema hiyo si ngatu. Wapo wanaosema kilicho muhimu ni akina mama kuketi pamoja kwenye benchi. Mimi naegemea kwa hawa wa pili, ingawa wa kwanza wana hoja: asiyeponda gome hana sababu ya kupanda mti, na mti ule, kama nilivyosema, haujipandi.

Sasa wewe, msikilizaji uliyeuliza, na wengine mlioandika kwamba nyumbani kipo kipande cha mzee. Usikifue kwa maji. Usikianike juani, jua linakausha nyuzi zinakatika. Usikikunje kila mara kwenye mkunjo ule ule. Ni heri ukizungushe kwenye bomba au mti laini uliofunikwa kitambaa cha pamba. Kiweke pakavu, juu ya sakafu, mbali na panya na mchwa, na ukikague baada ya miezi michache. Na kama yupo mzee anayejua kilitoka mti upi na nani alikiponda, mrekodi kwa simu hiyo hiyo uliyoshika, kisha tutumie sauti hiyo. Kipindi kijacho nimetenga dakika 20 kwa ajili ya sauti hizo.